Nilisema Nimeelewa

Molenbeek, Jumapili, saa tisa mchana

Nsimire wangu,

Umetoka sasa hivi kwenda kanisani kuagwa na kwaya, na mimi nimebaki nikisema goti linaniuma. Goti haliniumi. Nilitaka nyumba iwe kimya nikuandikie, na kama ningekuambia hivyo ungesimama mlangoni na kuniuliza sababu, "Juu ya nini, maman?" kwa jicho lako lile, na nisingeandika hata mstari mmoja. Kwa hiyo barua yangu inaanza na uongo mdogo. Nisamehe, maana mkubwa uko mbele.

Baba yako yuko chumbani anapima sanduku lako kwa mara ya tatu. Analikumbatia, anapanda nalo kwenye mizani, analitua, anapanda peke yake, halafu anatangaza kilo, "Vingt-deux virgule quatre!" kama anayesoma matokeo ya uchaguzi. Ndivyo anavyolia yule, mwache. Mambo ya soksi za baridi, ya kupiga simu ukifika, ya kutokula mayai mabichi hata kama Wajapani wa Sendai wanayala, yote umekwisha kuambiwa na yeye na wamama wa kanisa, na mimi sitayarudia. Nataka kukuandikia juu ya neno moja, kisha juu ya siku moja. Ninaandika Kiswahili hiki cha barua alichonifundisha babu yako katekista, kwa sababu kile chetu cha jikoni kinanifanya nicheke au nilie, na leo sitaki kuanza na lolote kati ya hayo.

Neno lenyewe ni lile la Wajapani la kuelewa, wakaru. Wewe unalijua pamoja na watoto na wajukuu zake wote. Mimi ninajua mawili tu: wakarimashita, nimeelewa, na wakarimasen, sielewi. Nimeishi nchi hii ya Wazungu miaka kumi na sita, nimesema Kifaransa ofisini, dukani na kwa waganga wa meno, lakini hilo la pili ndilo lililonitoa jasho kuliko Kifaransa chote.

Unakumbuka Jumatano zetu? Shule ilikuwa inafungwa saa sita, ninakungoja getini na mkate wako kwenye mfuko, tunaingia metro hapa Molenbeek na kwenda moja kwa moja hadi mwisho wa njia, Oudergem, kule karibu na msitu ambako Wajapani wengi wanaishi. Mimi nilikuwa nafanya usafi kwa Madame Hayashi. Mume wake aliletwa huku na kampuni yake kwa miaka michache, na yeye alikuwa na Kifaransa kidogo sana, kama changu cha siku zile. Aliniambia jambo, nikasema nimeelewa, "Oui madame, j'ai compris." Nikamwambia jambo, akasema, "Wakarimashita." Tukainamishiana vichwa, kila mmoja akaenda zake bila kujua ameambiwa nini. Mwaka mzima hatukugombana hata siku moja.

Jikoni kwake kulikuwa na birika la chuma, jeusi, zito, lililokuwa la marehemu mama yake. Siku yangu ya kwanza alilifunua, akaelekeza kidole ndani, akatikisa kichwa kwa huzuni na kusema maneno mengi. Nikatazama ndani nikaona kutu. Nikasema nimeelewa, kwa sababu nilielewa kabisa, au hivyo ndivyo nilivyodhani. Wewe umekulia kwenye mashine ya kuosha vyombo, hujui. Kwetu Kadutu, kule Bukavu, bibi arusi hapimwi kwa uso. Mama mkwe anaingia jikoni siku ya tatu, anageuza sufuria matako juu, na kama haziwaki, jina la mama wa bibi arusi linatajwa mtaa mzima. Nilisugua sufuria kwa majivu na mchanga hadi vidole vikachubuka. Sasa mwanamke mwenzangu ananionyesha birika la mama yake lenye kutu, na anasikitika! Ningeelewa nini kingine?

Nilingoja siku atakayotoka. Jumatano moja alikwenda sokoni, nikachukua waya wa kusugulia, nikakaa juu ya lile birika saa mbili. Wewe ulikuwa mezani na hesabu zako, una miaka tisa. Ukainua kichwa.

"Maman, Madame alisemaka tusiguse ndani."

"Weye, fanya calcul yako. Hiyi ni mambo ya bakubwa."

"Mais maman, aliniambiaka na mi."

"Nsimire. Funga kinywa."

Ukafunga. Nakuomba ukumbuke kwamba ulifunga kwa sababu nilikuambia, tutarudi hapo.

Madame Hayashi aliporudi, birika lilikuwa linang'aa ndani kama shilingi mpya. Aliliinua akalitazama kwa muda mrefu. Sikuwahi kumwona mtu akisimama wima namna ile. Kisha akasema polepole, "Wakarimashita," na baadaye, "Merci." Nilirudi nyumbani nikiimba. Nilimwambia baba yako kwamba Mjapani ameshindwa kupata maneno ya kunishukuru.

Juma lililofuata alikuketisha wewe kwanza, akaongea nawe Kifaransa chake cha taratibu, kwa sababu ninyi wawili mlikuwa mmekwisha kuzoeana kwa zile biskuti zake za mchele. Ukanigeukia uso umekunjamana.

"Maman, ile birika, ndani haisuguliwake. Ile kutu na ile ya nyeupe, ni miaka mingi ya mama yake ndiyo iko pale. Anauliza kama siku ya kwanza ulielewaka."

"Mwambie ndiyo."

"Maman."

"Mwambie ndiyo, nakwambia!"

"Maman, sema hapana. Hata yeye anajua. Sema wakarimasen."

Nilikuwa na miaka thelathini na nne, na mtoto wangu ananifundisha kutamka ujinga wangu mbele ya tajiri wangu. Nikalisema, hovyo hovyo, nusu kwa hasira. Yule mama hakunicheka, wala hakukunja uso. Alivuta kiti akaniketisha, akavuta cha pili akakaa yeye, akaanza upya tangu mwanzo kwa mikono yake, maji, moto, chai, ukimya, akisimama kila mara kunitazama machoni kama nimefika. Nilipokuwa sijafika, nilisema tena lile neno, naye akarudi nyuma kunichukua.

Tangu siku ile kila Jumatano tulichemsha majani ya chai ndani ya birika, tukamwaga maji meusi, tukachemsha tena, hadi chuma kikaanza kuvaa ngozi nyingine. Ilichukua miezi. Halikurudi kama alivyoliacha mama yake, na sikuwahi kujidanganya juu ya hilo, lakini mwishowe lilikubali kutoa chai isiyo na ladha ya msumari, na kikombe cha kwanza alinipa mimi. Wewe ulianza Kijapani chako pale pale, kwenye kiti cha pembeni, ukihesabu vikombe. Watu wakiniuliza mtoto wa Bukavu amepataje wazimu wa Japani, ninasema ni Mungu. Ukweli ni lile birika.

Ungefikiri basi nimepona ugonjwa wangu. Sikupona. Nilijifunza kusema sielewi kwa Kijapani tu, jikoni mwa mtu mmoja. Kwa Madame Hayashi nilikuwa mgeni kama yeye alivyokuwa mgeni. Kwa Kifaransa, kila nilipotaka kusema sijaelewa, niliona kama karani atainama na kuliandika kwenye faili letu, karibu na neno réfugiée, mkimbizi, na siku moja watalisoma na kuturudisha. Kwa hiyo nilisema j'ai compris kwa kila mtu. Babu yako aliniandikisha methali ya kuuliza si ujinga mara hamsini daftarini, kwa mwandiko mzuri, na sikuitumia hata mara moja.

Sasa siku yenyewe. Unaijua, nakuomba usiruke mistari.

Jumatano ile hatukwenda Oudergem. Ulikuwa na miaka kumi, mimi nilikuwa na mimba ya miezi sita, na baba yako alikuwa njiani na lori, Uhispania. Ulinisindikiza kliniki kwa sababu ulikuwa mdomo wangu kila mahali. Ulikaa kwenye kiti kidogo karibu na mlango na koti lako mwilini. Daktari, yule msichana mwenye nywele fupi, alipitisha kile chombo chake juu ya tumbo langu, akapitisha tena, akazima mashine, akanishika mkono na kuanza kusema. Akaniuliza, "Vous avez compris, madame?" Nikasema, "Oui docteur, j'ai compris." Hakuamini. Akakutazama wewe, akainua simu atafute mtu mzima wa kunitafsiria, na mimi nikamzuia. Nilimwambia binti yangu yupo, "Non, non, ça va, ma fille est là." Akajibu kwamba jambo lile haliambiwi mtoto. Hilo nililielewa, na lilinikasirisha. Nikasema tena kwamba nimeelewa, nikachukua barua aliyoniandikia ya kwenda hospitali kesho yake, nikaitia katika Biblia nikidhani ni miadi ya mwezi ujao, kama zile nyingine.

Barabarani uliniuliza, "Maman, umesikia vile alisema?"

"Nimesikia. Tembea, mvua inakuja."

Wewe ukaamini. Mtoto wa miaka kumi ataachaje kumwamini mama yake? Siku tatu nilipiga pasi nguo za mtoto walizonipa wamama wa kanisa. Nilikunja kile kikofia cha kijani mara kumi, nikikifungua na kukikunja tena, ninaimba. Ulikuja mara mbili kusimama mlangoni. Mara ya kwanza nikakutuma sabuni. Ya pili ulisema, "Maman..." na mimi nikasema, "Enda usome." Leo ninaelewa ulichokuwa unakiona: mama anayejua mtoto wake amekufa tumboni, na anaimba. Sijui uliiwekaje picha ile kichwani. Sikuwahi kukuuliza.

Jumamosi maumivu yakaja, jirani akaita gari la wagonjwa, na kule hospitali akaja muuguzi mmoja Mrundi. Ndiye aliyenipa habari kwa Kiswahili, ameketi ukingoni mwa kitanda. Alisema moyo wa mtoto ulikuwa umekwisha kusimama kabla ya Jumatano. Akaniuliza, "Mama, hamkuambiwa?" Nami nikajibu, "Hatukuambiwa." Wewe umesimama pale, vifungo vyote vya koti vimefungwa hadi shingoni, na unanisikia nikidanganya. Nilimwambia baba yako hivyo hivyo, na mchungaji, na kwaya nzima, kwamba madaktari walituficha. Huo ndio uongo mkubwa niliokuahidi. Yule binti daktari aliniambia kila kitu, akaniuliza kama nimeelewa, akataka kuniitia mtu. Mimi ndiye niliyemfungia mlango.

Na huo si mbaya kuliko yote. Muuguzi alipotoka, nilikugeukia nikakuambia, "Na weye ulikuwa pale. Juu ya nini haukuniambia?"

Nimeandika sentensi hiyo na nimeinuka kwenda kunywa maji. Nimerudi. Ilitoka kinywani mwangu mara moja tu na sikuirudia tena, na kwa miaka mingi nilijipa moyo kwamba ulikuwa mdogo na umeisahau. Wazazi tuna imani ya ajabu katika usahaulifu wa watoto.

Hukusahau. Noeli iliyopita tulikuwa jikoni hapa hapa, sombe yetu ya majani ya muhogo iko motoni, na ukaanza kusema bila kunitazama.

"Maman, mi nilijuaka. Docteur alisemaka, mi nilisikia yote. Nilinyamaza. Nilifikiriaka ni mi nilimuua, juu sikukwambia. Hata leo, kuna siku nafikiria hivyo." Ukakoroga sufuria. "Hata jina nilikuwa nilimupatia."

Na mimi nikasema, "Nimekuelewa, mwanangu. Yameisha. Nipe chumvi."

Ukanipa chumvi.

Miaka kumi na mbili ulikuwa umebeba mzigo ule, ukauleta hadi mbele yangu, na mimi nikaomba chumvi, na sombe ilikuwa imekwisha kutiwa hiyo chumvi. Sikuwa nimeelewa chochote, Nsimire. Niliogopa. Nilisema nimeelewa kama nilivyolisema kliniki, ili mtu aache kusema.

Tangu siku ile nimekukosa ukiwa ndani ya nyumba hii hii. Unaniambia habari za tramu, za viza, za hali ya hewa ya Sendai. Unanibusu asubuhi, unaniita mama yangu mzuri, na hakuna ubaya wowote. Lakini jioni ninasikia sauti yako nyuma ya mlango, unaongea Kijapani na marafiki zako kwenye simu, ndefu, yenye vicheko na kunyamaza katikati, na ninasimama koridoni na nguo mikononi kama mwizi. Ninasikiliza lugha nisiyoijua kwa sababu humo ndimo unamoongea. Juzi nilisikia ukisema wakaru, wakaru, haraka haraka, kwa upole, na nikamwonea wivu yule mtu wa upande wa pili. Ninakutamani, mwanangu, na hujaondoka bado. Ukishaondoka sijui nitaiweka wapi hamu hii.

Siandiki haya ili nikufunze. Huko masomoni utachoka, utakuwa na baridi, mwalimu atakuambia jambo refu, na utasema wakarimashita ili uende zako kulala. Sote tunalisema. Mimi siwezi kukuonya kitu nilichokifanya nusu ya maisha yangu. Ninachojua ni kwamba Madame Hayashi naye alilisema akiwa na birika la mama yake mkononi, na kama angeishia hapo tungeinamishiana vichwa hadi leo. Ukimtembelea huko kwao alikorudi, kama mlivyoandikiana, mwambie bado ninatengeneza chai yangu bila kugusa ndani ya birika.

Lakini kuna jambo moja ninalotaka uondoke nalo, na nitaliandika wazi. Hukumuua mtu. Moyo wake ulikuwa umesimama kabla hatujapanda ngazi za kliniki. Zile siku tatu hazikumwongezea wala kumpunguzia kitu. Zilitupunguzia mimi na wewe tu. Na kama ungeniambia pale barabarani, ningekuambia ufunge kinywa, kwa sababu hivyo ndivyo nilivyokufundisha kwa Madame, na wewe ulikuwa mtoto msikivu. Kosa ni langu, tangu birika. Baba yako nimemwambia ukweli leo asubuhi, ulipokuwa umelala. Aliinuka akaenda kutafuta mizani.

Barua hii siitii kwenye sanduku, ataipima. Ninaiweka juu ya mto wako uisome ukirudi kutoka kwaya, na usije kunitafuta leo, nitakuwa ninalia na sitasikia vizuri. Kesho tunatoka kwenda uwanja wa ndege saa nne. Kuanzia saa kumi na mbili asubuhi nitakuwa jikoni, viti viwili, simu imezimwa. Sitapika chochote, ili nisiwe na chumvi ya kuomba. Uje uniambie tena, tangu pale kwenye kiti kidogo karibu na mlango. Sema Kifaransa, sema lugha yetu, sema unavyoweza. Nisipofika mahali nitakuambia, na wewe utarudi nyuma kunichukua.

Wakarimasen, Nsimire. Anza upya. Ulisema ulimpa jina.

Maman